Shahidi Hapandi Nawe: Namna ya Kupinga Uamuzi wa Hakimu Kwenye Rufaa ya Madai Uganda

Kijana mmoja alikuja kwangu Walukuba, hapa Jinja, wiki mbili baada ya kushindwa kesi ya shamba. Bahasha ya kaki aliibana kwapani, na hasira ilikuwa bado mbichi. Hata mkekani hajakaa vizuri akasema, "Mama Karani, mimi naenda juu. Hakimu hakuwaamini mashahidi wangu. Jaji akiwasikia mwenyewe ataona wanasema kweli."

Nikamwambia akae kwanza, anywe chai. Kisha nikamwuliza maswali mawili: hukumu ilisomwa tarehe ngapi, na je, ameshaandika barua ya kuomba nakala ya mwenendo wa kesi, yaani kumbukumbu za yote yaliyosemwa mahakamani? Tarehe aliijua. Barua hakuwa ameandika. Alifikiri rufaa ni kurudia kesi mbele ya mtu mwenye cheo kikubwa zaidi.

Nilikuwa karani na mkalimani katika mahakama za mahakimu huku Busoga kwa miaka 19. Wakili sikuwa, na leo pia si wakili. Lakini nimeyaona mafaili yakipanda Mahakama Kuu na nimeyaona yakirudi, na nimekaa na watu siku yaliporudi. Haya ninayoandika ndiyo niliyomweleza yule kijana, na ndiyo ninayomweleza kila anayekuja na bahasha: mashahidi wako hawapandi nawe. Jaji wa rufaa hatawaona wala kuwasikia. Atasoma karatasi zilizoandikwa chini, na karatasi hizo ndizo kesi yako sasa.

Jua kwanza uko ngazi ya ngapi

Watu wengi husema "rufaa" kana kwamba zote ni moja. Sivyo. Rufaa ya kwanza na ya pili ni vitu viwili mbali kabisa.

Kesi ikiwa imeamuliwa na hakimu mkuu au hakimu wa daraja la kwanza, rufaa ya kwanza inakwenda Mahakama Kuu. (Ya hakimu wa daraja la pili huanzia kwa hakimu mkuu.) Kesi ikiwa imeanzia Mahakama Kuu yenyewe, rufaa ya kwanza inakwenda Mahakama ya Rufaa, Kampala. Popote inapokwenda, mahakama ya rufaa ya kwanza ina wajibu wa kuupima ushahidi wote upya na kufikia uamuzi wake yenyewe, wa sheria na wa ukweli wa mambo. Mahakama ya Juu, ile ya mwisho kabisa nchini, ilisema hivyo wazi katika kesi ya Begumisa na wenzake dhidi ya Tibebaga, rufaa ya madai namba 17 ya mwaka 2002: mtu aliyekata rufaa ya kwanza anastahili kupata uamuzi wa mahakama hiyo juu ya mambo yote mawili. Ni haki yako. Usikubali mtu akuambie kwamba jaji "hagusi mambo ya ushahidi" kwenye rufaa ya kwanza. Anagusa, na sheria inamtaka aguse.

Ila anagusa kwa mkono wenye tahadhari. Tangu zamani za ile Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, iliyohudumia nchi zetu hadi 1977, majaji wameshikilia jambo moja: aliyemwona shahidi na kumsikia ana nafasi ambayo msomaji wa karatasi hana. Kesi mbili zinatajwa mpaka leo karibu katika kila hukumu ya rufaa, Peters dhidi ya Sunday Post ya 1958 na Selle dhidi ya Associated Motor Boat ya 1968. Ukimsikia wakili wako anataja Selle, jua anazungumzia kanuni hii. Jaji anaupima ushahidi upya, lakini anakumbuka kwamba hakuwaona mashahidi. Na hafungwi na uamuzi wa chini ikiwa hakimu aliruka jambo zito lililokuwemo kwenye ushahidi, au ikiwa alivyomwona shahidi hakupatani na ushahidi mwingine kwa ujumla.

Sehemu hiyo ya mwisho ndiyo mlango. Ni mwembamba, lakini nimeona watu wakipita.

Kesi ya "baba"

Mahakama yenyewe siitaji, na wahusika siwataji. Ilikuwa kesi ya kipande cha ardhi kati ya mashamba mawili ya miwa, na mpaka uliodaiwa ulipita kwenye kisiki cha mvule. Shahidi wa mdaiwa alitoa ushahidi kwa Kiswahili, mimi nikitafsiri. Akasema, "Baba ndiye aliyeuza. Mimi mwenyewe nilishika kamba ya kupimia." Nikatafsiri kwa Kiingereza kwamba ni baba yake, yule aliyemzaa. Hakimu akaandika.

Wakili wa upande wa pili alipomhoji akamwuliza baba yake alifariki lini. Akajibu, 1987. Mauzo yalikuwa ya 1994. Nyote mnaosoma hapa mmeshajua kilichotokea. Aliyeuza alikuwa baba mdogo, aliyemlea baada ya baba yake kufa, na kwetu huyo ni baba, huna jina lingine la kumwita mbele za watu. Lakini kwenye karatasi ya Kiingereza palikuwa na marehemu aliyeuza shamba miaka saba baada ya kuzikwa. Hakimu akaandika katika hukumu kwamba shahidi ni mwongo, kwamba alitoka jasho na kukwepa macho. Ushahidi wake wote ukatupwa, na mdaiwa akashindwa.

Kosa lilikuwa la mdomo wangu, na nililibeba kwa muda mrefu.

Kilichomwokoa mdaiwa ni kurasa mbili. Wakili wake, akimwuliza tena baada ya mahojiano, alimtaka aeleze aliyeuza ni nani hasa. Akajibu, "Ni mdogo wake baba, ndiye aliyenilea." Nikalitafsiri sawasawa na hakimu akaliandika, kisha katika hukumu akalisahau. Ukurasa wa pili ni mkataba wa mauzo, uliopokelewa kama kielelezo, wenye jina la huyo baba mdogo na sahihi ya mwenyekiti wa LC ya kwanza, baraza la kijiji. Mahakama Kuu haikusema hakimu hajui kusoma sura za watu. Ilisema sura aliyoisoma haipatani na maandishi yaliyokuwa mbele yake. Hukumu ikabatilishwa.

Mwaka uliofuata nikaona faili nyingine yenye kosa la namna hiyo hiyo la tafsiri, "ndugu" limekuwa kaka wa tumbo moja. Humo hakuna aliyesimama kurekebisha, hakuna swali la nyongeza, hakuna hati. Rufaa ilipopanda, mrufani alieleza kwa maneno kwamba tafsiri ilikosewa. Inawezekana kabisa alisema kweli. Jaji hakuwa na ukurasa wa kushika, na uamuzi ukabaki.

Kwa hiyo kama kesi yako bado iko chini, na unasikia mkalimani amesema kisicho sawa, inua mkono pale pale. Mwambie wakili wako, au kama huna wakili, mwambie hakimu kwa heshima: "Mheshimiwa, neno hilo halikutafsiriwa kama lilivyosemwa, naomba liandikwe." Lugha ya kumbukumbu za mahakama ni Kiingereza. Kiswahili kimeandikwa kwenye Katiba kuwa lugha rasmi ya pili tangu marekebisho ya 2005, lakini maneno yako ya Kiswahili hayabaki popote kwenye faili. Kinachobaki ni tafsiri yake. Taja uhusiano wa watu kwa ukamilifu: baba mzazi, baba mdogo, mtoto wa shangazi. Na "juzi" yetu, ambayo inaweza kuwa mwezi uliopita, iache nyumbani; taja tarehe au msimu.

Soma mwenendo wa kesi kwa daftari mkononi

Omba kwa barua nakala iliyothibitishwa ya mwenendo wa kesi, hukumu na dikrii (hati rasmi ya kile mahakama ilichoamuru), siku ile ile hukumu inaposomwa au kesho yake. Weka nakala ya barua yako yenye muhuri wa kupokelewa. Mahakama nyingi za chini hakimu bado huandika kwa mkono, na kuchapa kunachukua muda.

Ukiipata, chukua daftari na ugawe ukurasa mara tatu. Upande wa kushoto andika kila jambo ambalo hakimu ameamua kuwa ni kweli, pamoja na ukurasa wa hukumu. Katikati andika ushahidi aliouegemea, na ukurasa wake. Kulia andika ushahidi unaopingana ambao hakuutaja kabisa, na ukurasa wake. Usiandike unachokumbuka. Andika kilichomo. Mstari ambao safu yake ya kulia ni tupu, uache, hata kama roho inauma.

Mistari iliyobaki ipime hivi. Je, hakimu aliamua kwa kumtazama shahidi, kwamba huyu ni mkweli na yule si mkweli? Huo ndio uamuzi mgumu kuuondoa, na usiuguse ila kama una maandishi au maneno mengine kwenye faili yanayoupinga, kama ule mkataba wa 1994. Je, alitoa hitimisho kutoka kwenye mambo ambayo pande zote zilikubali? Hapo jaji yuko sawa naye, kwa sababu mtu hahitaji kuuona uso wa mtu ili kujua kwamba aliyelima miaka 20 bila kupingwa hakuingia jana. Je, alisoma hati? Hapo jaji ana karatasi ile ile, na halazimiki kumfuata. Mimi ningetumia nguvu zangu zote kwenye aina hizi mbili za mwisho.

Kuna aina nyingine ambayo watu hawaioni kwa kuwa imejificha kwenye kukosekana: jambo ambalo hakimu aliliamua na hakuna shahidi hata mmoja aliyelisema. Tafuta hilo kwa makini kuliko yote. Likipatikana lina nguvu hata huko juu zaidi, nitalirudia.

Na uwe mkweli kuhusu uzito. Tofauti ndogo ndogo, huyu kasema miti sita na yule kasema saba, haziangushi hukumu. Sheria ya mwenendo wa mashauri ya madai inakataza kubatilisha hukumu kwa kosa lisilogusa kiini cha haki.

Mahakama ilipokwenda shambani

Kwa kesi za ardhi, hakimu mara nyingi huzuru eneo lenye mgogoro. Maelekezo ya Jaji Mkuu, namba 1 ya mwaka 2007, yanataka pande zote, mashahidi wao na mawakili wawepo, ushahidi utolewe na wenye kesi na mashahidi wao pale shambani, upande mwingine upewe nafasi ya kuhoji, na yote yaandikwe, pamoja na mchoro wa eneo inapobidi. Nimekwenda ziara nyingi za namna hii. Nimeona jirani asiye shahidi anapita na jembe begani, anaulizwa mpaka uko wapi, anaonyesha kwa mkono, na neno lake linaingia kwenye hukumu ingawa hakuapa. Nimeona ziara nzima ikiwa mistari minne kwenye faili, mchoro hakuna.

Ukifika kwenye kurasa za ziara, ziangalie kwa jicho kali. Nani alisema nini, aliapa, alihojiwa? Alichokiona hakimu kimeandikwa kwenye kumbukumbu, au kimejitokeza mara ya kwanza kwenye hukumu? Kasoro hapa zinaweza kufanya jaji auweke kando ushahidi wa ziara na kuamua kwa uliobaki. Zikiwa zimeharibu kesi yenyewe, ataamuru isikilizwe upya. Fikiria kabla ya kuomba hilo la pili: kuanza upya ni miaka mingine, na wazee waliokuwa mashahidi wako huenda hawapo tena.

Andika sababu zinazoshikika

Hapa ndipo rufaa nyingi zinafia. Kwa miaka yote hiyo nimeona sababu hii ikirudi kama wimbo: "Hakimu alikosea kisheria na kiukweli kwa kutoupima vizuri ushahidi uliopo na hivyo kufikia uamuzi usio sahihi." Majaji wetu wameifuta mara nyingi kwa sababu haimwambii mtu chochote. Ushahidi upi? Uamuzi upi? Kanuni za Mwenendo wa Mashauri, Amri ya 43, zinataka sababu fupi, moja moja, zenye namba, bila hadithi wala hoja ndani yake. Kanuni za Mahakama ya Rufaa zinataka vivyo hivyo.

Iandike hivi: "Hakimu alikosea kuamua kwamba muuzaji alifariki kabla ya mauzo, bila kuzingatia maelezo ya shahidi wa pili wa mdaiwa kwamba muuzaji ni baba yake mdogo, na bila kuzingatia mkataba wa mauzo uliopokelewa kama kielelezo." Msomaji anajua papo hapo aende wapi. Kurasa na hoja utaziweka kwenye maelezo ya kutetea rufaa. Sababu mbili au tatu za namna hii zinamshinda mtu aliyeleta kumi na moja.

Siku zinahesabiwa

Kwenda Mahakama Kuu una siku 30 tangu dikrii. Muda ambao mahakama inautumia kuandaa nakala hauhesabiwi, lakini usilalie hilo. Na kumbuka kwamba rufaa ya Mahakama Kuu inaanzishwa kwa hati yenye sababu za rufaa. Nimeona watu wakipeleka notisi tu, yaani taarifa kwamba wana nia ya kukata rufaa, wakaenda nyumbani wakiamini wamekata rufaa, kumbe hakuna rufaa.

Notisi ni ya Mahakama ya Rufaa: siku 14 tangu uamuzi, na rufaa yenyewe ndani ya siku 60 tangu kupeleka notisi. Ili siku za kuandaa nakala zitolewe kwenye hesabu, barua ya kuomba mwenendo iwe imeandikwa ndani ya siku 30 na upande wa pili uwe umepewa nakala yake. Watu wamepoteza kesi nzuri kwa kusahau hiyo nakala moja.

Rufaa haisimamishi utekelezaji wa hukumu. Kama wanataka kukutoa shambani, ombi la kusimamisha linapelekwa peke yake, haraka. Pia namba za vifungu vya sheria zilibadilika toleo jipya la sheria lilipoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024, kwa hiyo usinakili vifungu kutoka kwenye hati ya jirani ya mwaka 2019. Kama huna uwezo wa wakili, ulizia Justice Centres Uganda, FIDA Uganda (chama cha wanasheria wanawake), au msaada wa kisheria wa chama cha mawakili.

Ukishindwa tena

Rufaa ya pili, kutoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufaa kwa kesi iliyoanzia kwa hakimu, ni ya hoja za sheria tu: uamuzi ni kinyume cha sheria, au hoja nzito ya sheria iliachwa bila kuamuliwa, au utaratibu ulivunjwa kwa kiasi cha kuathiri haki. Ukiandika "alikosea kisheria na kiukweli" hapo, sababu yako inaweza kufutwa kabla hujafungua kinywa.

Lakini kuna mambo mawili ya ushahidi ambayo yanahesabiwa kuwa ya sheria. La kwanza, mahakama ya rufaa ya kwanza haikuupima ushahidi upya kama ilivyotakiwa. La pili, uamuzi hauna ushahidi wowote nyuma yake, lile nililosema nitalirudia. Kesi ya Kifamunte dhidi ya Uganda, rufaa namba 10 ya mwaka 1997, ni ya jinai ila hutajwa hata kwenye madai. Inasema kwamba palipo na ushahidi kiasi wa kuunga mkono uamuzi, mahakama ya rufaa ya pili haiingilii, hata kama ina shaka kwamba yenyewe ingeamua hivyo. Nalitaka neno hilo limwingie kila anayeuza ng'ombe kulipia rufaa ya pili. Hutauliza tena nani alisema kweli.

Kwenda Mahakama ya Juu kwa kesi iliyoanzia kwa hakimu mkuu au wa daraja la kwanza kunahitaji cheti cha Mahakama ya Rufaa kwamba kuna hoja ya sheria yenye umuhimu mkubwa kwa umma, au Mahakama ya Juu yenyewe ione haki inadai isikilize. Ugomvi wa kisiki cha mvule haufiki huko kirahisi.

Ushahidi mpya nao, ile hati uliyoikuta darini baada ya hukumu, unaweza kuombwa kwenye rufaa ya kwanza tu, na kwa shida. Lazima uonyeshe kwamba hata kwa juhudi hukuweza kuupata mapema, kwamba unaaminika, na kwamba ungeweza kubadilisha matokeo. Hati iliyokuwa kwenye sanduku la mama yako siku zote hizo haitapita.

Yule kijana tuliandika naye barua ya kuomba mwenendo jioni ile ile. Nakala ilipotoka, alikaa na daftari barazani kwangu siku tatu. Alianza na malalamiko tisa. Sita safu yake ya kulia ilibaki tupu, na moja alilifuta akiwa na machozi, kwa sababu lilikuwa neno la mama yake, ambaye hakimu hakumwamini na hapakuwa na karatasi ya kumsaidia. Mawili aliyapeleka kwa wakili: risiti ya ushuru ambayo hukumu haikuitaja popote, na kauli ya jirani mwenye jembe asiyeapa. Rufaa inasubiri tarehe. Juzi, yaani tarehe 4 mwezi huu, alipita tena, akaniuliza kama akae na mama yake ndani ya chumba siku hiyo. Nikamwambia amlete, akae mbele.